Minyoo ya Katuni ya Olweny

Olweny wa kibanda cha video hapa Busia ana sauti ambayo ukiwa unamenya ndizi nyumbani utaacha kisu usikilize. Zamani alikuwa anatangaza matanga kule kwao Kirewa, juu ya gari la spika. Sasa anatafsiri sinema. Wageni wanaongea kwenye televisheni, yeye ameshika maikrofoni anatugeuzia kwa Kiswahili chake cha Kirewa, na kila mtu wa sinema anampa jina la mtu aliyekaa kwenye benchi. Anayepigwa ni Paddy. Anayekimbia bila viatu ni Opio. Watu wanacheka mpaka mabati yanalia.

Siku ya soko sisi kina mama tunamwachia watoto. Siku hiyo alisema ana katuni mpya. Katuni ni ya watoto, nani angeuliza? Phiona wangu akakaa mbele kabisa.

Kumbe kuna katuni za watu wazima. Hii ilikuwa hadithi fupifupi za kutisha, kila moja na watu wake: vyombo vya angani, mashine zinazonyonya ubongo. Katika moja, minyoo myeupe inaingia mdomoni mwa msichana, inakaa tumboni, inangoja ale ndipo ikue. Olweny, kwa mazoea yake, akamwita msichana huyo Phiona.

Jioni mtoto akafunga mdomo. Uji, hapana. Kesho yake, hapana.

"Mama, nikila itakua."

Nikaenda kibandani na mdogo wake mgongoni. "Nionyeshe."

Akanionyesha. Ile minyoo ilikuwa inateleza kama kamasi, inatoka puani, inatoka kwenye kona za macho, na msichana anatabasamu tu. Nilitapika pale mlangoni.

"Ai, Mama Phiona! Si ni ya kuchora tu!"

"Na haya matapishi yangu, nayo yamechorwa?"

Akatafuta tambara. "Mimi nilidhani watoto nafurahi."

"Uliwasikia wakicheka?"

"Nilikuwa nasikia sauti yangu," akasema polepole.

"Basi jina la mwanangu umelitia wewe. Uje ulitoe wewe."

Akaja bila maikrofoni. Akakaa kwenye kigoda jikoni, Phiona amejikunja nyuma ya gauni langu, akaanza kwa sauti ile ile ya kibandani: "Watazamaji! Huyu mwenye minyoo si Phiona! Ni Olweny, mwana wa Owor, wa Kirewa! Ona nakula!" Akachota kumbikumbi kwenye sufuria, wanono, wanang'aa mafuta, akajaza mdomo mpaka mmoja akaning'inia kwenye ndevu. Akapiga tumbo lake. "Minyoo iko ndani napiga kelele! Sasa natoka kwa huku!" Akageuza makalio.

Phiona akachungulia. "Wewe mchafu," akamwambia, akacheka, akatia mkono sufuriani, akala. Akala tena.

Nilimshukuru Mungu nikiwa nimetazama ukutani. Yule wa kwenye ndevu alikuwa bado ananing'inia, kama mnyoo unaotoka puani. Mimi kumbikumbi, tangu siku hiyo, nawakaanga nikiwa nimebana pua.