Salamu za Dakika Nne

Kabla vita havijanifanya mtengenezaji wa filamu nzito, nilikuwa mpiga video wa ndoa hapa Bukavu, na ndoa zilinifundisha sheria moja: mtu aliyekosekana kwenye kaseti hatakusalimia tena. Bado nashangaa jinsi nilivyoivunja.

Nilitaka kueleza vita kupitia akina mama wanaobeba mizigo kutoka bandarini. Nilitaka machozi, niseme ukweli. Wa kwanza kumwendea alinitazama kutoka chini ya gunia la muhogo.

"Papa, unataka shida ya namna gani? Ba ONG ba misaada ba juzi balipenda ile ya njaa."

Nikamwambia nataka ya kweli.

"Sawa. Nitaongea yako, kisha na mimi niongee yangu."

Yake ilikuwa salamu kwa mumewe. Alikwenda Bunyakiri kununua mawese, vita vikafunga barabara nyuma yake. Mama aliamini filamu hufika popote, kama matangazo ya redio. Akakaza kitenge, akaongea dakika nne: mbuzi amezaa mapacha, mama mkwe bado amenuna, paa linavuja upande wake wa kitanda, basi arudi haraka, shati lake jekundu halijauzwa, anayesema limeuzwa ni mwongo.

Wakati wa kuhariri nikazikata dakika hizo nne. "Hors sujet," nje ya mada, nilijiambia, maana upumbavu wangu mwingi huusema kwa Kifaransa.

Tukaonyesha filamu katika ukumbi wa parokia. Wale mama walicheka mpaka wakashikana mabega, kila mmoja akimcheka mwenzake anavyotembea. Mimi niliyengoja vilio nikanuna pembeni. Taa zilipowashwa, mama wa muhogo akasimama.

"Papa, salamu yangu iko wapi?"

Nikaanza kumweleza habari za rythme, ule mwendo wa filamu.

"Ile rythme ndiyo bwana yangu?"

Ukumbi ukalipuka kwa kicheko. Niliona aibu hadi masikioni, na nilistahili.

Nikarudisha dakika zote nne, na mbuzi wake. Filamu ikasafiri, nami nyuma yake ndani ya koti la kuazima. Huko Ulaya watu walilia palepale kwenye mbuzi. Nikarudi kichwa kimevimba, nikakimbilia bandarini kumpa mama habari njema.

"Maman, balikuonyesha Paris! Na Bruxelles pia!"

Akatua gunia taratibu, akajifuta uso kana kwamba anajiandaa kupokea mgeni.

"Alikuwa mule?"

"Nani, maman?"

"Bwana yangu."

"Hapana, maman. Mule kulikuwa wazungu tu."

Alinitazama kwa huruma, kama mtu anayemtazama msomi aliyepotea njia ya nyumbani kwao.

"Sasa unamutafuta Bulaya ya nini, papa? Nilikuambia alienda Bunyakiri."

Nikamsaidia kujitwisha gunia.