Kuvuta si Kufuta

Aliyeziweka v na f karibu hivyo katika Kiswahili sijui alikuwa na kisa gani nasi. Wengi wetu hapa Garissa hatuzitenganishi ulimini, na siku ile nusura zitupokonye nyumba.

Chama cha ushirika kilisema mama hajamaliza mkopo. Mama alisema amemaliza, na kwa ubishi humwezi. Madalali walipobandika tangazo la mnada kwenye lango letu mtaani Iftin, tulikimbilia Mahakama Kuu, jaji akausimamisha. Kumbe tumebisha mlango usio wetu. Wakili wetu akatwambia migogoro ya ushirika ina jopo lake, tuliondoe ombi mahakamani kabla halijatupwa, tukalilie huko.

Siku ya kuliondoa, mama alimkataa mkalimani. Ameuza mbuzi kwa Kiswahili maisha yake yote, leo atafsiriwe kama mgeni? Mimi nilikaa nyuma yake, mikono baridi, na joto la Garissa mnalijua.

Jaji akamuuliza anataka nini. Tulikuwa tumefanya mazoezi nyumbani: navuta madai yangu, nayapeleka kwa jopo. Mama akasimama, akaona yale majoho meusi, nusu ya pili ikamtoka kichwani.

"Nafuta madai yangu," akasema, akaketi.

Wakili wa chama akainuka upesi, akaomba iandikwe kwamba mama hadai tena kitu popote. Wakili wetu akapinga, lakini jaji alikuwa ameshaanza kuandika. Nikajikuta nimesimama bila ruhusa.

"Mheshimiwa, mama hafuti," nikasema. "Anafuta."

Watu wakacheka. Mimi niliyesoma mpaka chuo! Nikajaribu tena, ikatoka f ileile. Nikaiona nyumba inakwenda kwa herufi moja. Nikaacha maneno. Nikashika kamba isiyokuwepo, nikaivuta kwa mikono miwili, kama ninayemtoa mbuzi zizi hili kumpeleka zizi lile.

Jaji aliniangalia, kalamu imesimama.

"Anavuta," akasema, v yake safi kabisa. Akaturuhusu kuliondoa ombi, na haki ya kwenda kwa jopo ikabaki yetu.

Nje nilitaka kumkumbatia mama, lakini uso wake haukuwa wa kukumbatiwa.

"Hooyo," akaniita, maana kwetu mama humwita mwanawe kwa neno hilohilo analoitwa yeye. "Ile amri ya kuzuia mnada, nayo tumeiacha mle ndani?"

Wakili wetu akajibu kwa niaba yangu. Imekwisha pamoja na ombi, mpaka jopo litoe nyingine.

"Na kabla ya hapo, nyumba inashikwa na nani?"

Nikasema, na Mungu.

"Mungu namjua. Nakuuliza habari ya madalali."

Nilimshika mkono, tukaenda nyumbani mbio mbio, tukaone kama kufuli langoni lingali letu.