Bwana Yangu wa Moto

Mvua ilinyesha hadi alfajiri, na makaa yalikuwa yameingia maji. Mke wangu alichutama mbele ya mbabula, ile stovu yetu ndogo ya udongo, akapuliza. Moshi ukamrudia usoni. Akapuliza tena. Mimi nilikuwa mlangoni navaa viatu.

"Papa Sandrine," akasema, "ile kitu imekataa."

"Weka majani ya mkaratusi."

"Nimeweka. Imekataa tu."

Nikamletea gome kavu kutoka chini ya kitanda. Ikakubali. Tukanywa chai na viazi vitamu vya jana. Alinisema kwamba nakunywa kwa kelele kama ng'ombe. Nikamjibu kwamba ng'ombe hapewi chai. Akacheka, akachukua jembe, akaenda kwenye maharage. Mimi nikashuka mpakani kubeba mizigo.

Mchana waliniita. Alikuwa ameanguka kati ya mistari ya maharage. Tulimpeleka hospitali ya Mibirizi kwa machela, watu wakipokezana mabega. Huko hakufungua macho tena.

Kwenye msiba jirani mmoja aliniuliza: "Mzee, mbona marehemu alikuwa hataji moto? Tangu nimehamia hapa nasikia ile kitu, ile kitu. Ni mwiko wa kabila lake, Bashi?"

Umuhire, muuza samaki, alikuwa nyuma yetu na mbabula mikononi, analeta ya kuchemshia chai ya waombolezaji. Akaiweka chini. Akawaambia wasichana: "Washeni ile kitu." Yeye naye.

Si mwiko. Ni haya, aibu ya wanawake wawili kwa neno moja. Nitasema ilivyokuwa.

Mke wangu, Nabintu, alizaliwa ng'ambo ya mto Rusizi, upande wa Bukavu, Kongo. Akiwa msichana alipika kwa Mbelgiji mmoja kule Muhumba, karibu na ziwa. Kifaransa alikiokota humo humo. Chumvi, sukari, sufuria, moto, polepole, unachelewa. Nilimwona mara ya kwanza kwenye daraja la Rusizi, mimi na gunia la mihogo, yeye na kikapu. Aliniambia gunia langu linavuja. Lilikuwa linavuja kweli. Tukaoana, akaja kwetu Kamembe, upande wa Rwanda, tukapata Sandrine, ambaye sasa ameolewa.

Baada ya vita vya kwetu vikaja vya Kongo. Watu wa Bukavu walivuka na walichoweza kubeba. Mmoja alivuka na sanduku la kaseti za video, akaliuza kwa Vénuste. Vénuste alikuwa na jenereta, televisheni, na kibanda cha shitingi, yale maturubai ya wakimbizi. Zilikuwa filimu za zamani, nyeusi na nyeupe. Kwenye jalada la kila moja palikuwa na picha ya sanamu ndogo ya dhahabu. Vénuste akasema hizo ni zawadi, filimu hizi zilishinda nyingine zote huko Ulaya. Akaandika kwa chaki mlangoni: FILIMU ZA MEDALI. Watu wakaja. Zilikuwa filimu za wauaji na wapelelezi, zile za kukufanya ushike mkono wa mtu usiyemjua. Lakini zote zilisema Kifaransa, na watu wakanung'unika. Tunaona midomo tu, walisema.

Ndipo Vénuste akamfuata mke wangu. "Maman Sandrine, wewe umekaa na Wazungu. Njoo utufasirie."

Alikaa juu ya kreti ya bia kando ya televisheni. Mpelelezi alimpa sauti ya puani. Wanawake matajiri aliwapa sauti nyembamba, kama wanaogopa meno yao yataanguka. Muuaji alimnong'oneza. Mabenchi yote yaliinama mbele kumsikia. Asipojua neno aliangalia uso wa mtu, akasema uso ule unavyosema. Kwa kawaida alipatia.

Filimu iliyopendwa kuliko zote ilikuwa ya mama mmoja mwenye nyumba ya ngazi ndefu. Anakuja mpelelezi mwenye kofia. Mama anamwambia habari za bwana yake, na kila akimtaja anasema *feu mon mari*. *Feu* mke wangu alilijua. Ni moto. Alikuwa ameliwasha miaka yote kule Muhumba. Kwa hiyo akasema: "Bwana yangu wa moto."

Watu walipiga makofi. Mwanamke anayemsifu bwana yake hivyo mbele ya polisi!

Toka hapo filimu nzima ikawa ya kumtafuta bwana huyo wa moto. Amejificha, maadui wanamwinda, mkewe anamngoja. Mama yule alivaa nguo nyeusi, lakini mle kila kitu kilikuwa cheusi au cheupe, nani angejua? Mwishoni anapanda ngazi, anafungua chumba, anakuta koti la bwana limetundikwa. Analikumbatia, analia. Mke wangu alisema: "Analia kwa furaha. Koti liko, na mwenyewe yuko nyuma ya mlango." Filimu inaishia hapo. Watu walitoka wanafuta macho.

Neno likashuka mjini. Wanawake sokoni waliwaita waume zao hivyo. Mafundi baiskeli, wapishi wa maandazi, kila mtu akawa wa moto.

Na Umuhire. Bwana yake, Munyaneza, alivuka kwenda Bukavu na mbuzi wa kuuza, na vita vikafika Bukavu kabla hajarudi. Hajarudi hadi leo. Ndugu zake walimwambia Umuhire aite watu, alie, amalize. Alikataa. Bila maiti simlilii mtu, alisema, nitamwua kwa mdomo wangu? Hata mtu akianza kusema "alikuwa", alimkata: "Yuko." Kila Jumapili filimu ile ilipowekwa alikaa benchi la mbele. Halafu pale mpakani, Rusizi ya Kwanza, penye beseni lake la sambaza, wale dagaa wa ziwa letu, aliwapigia wateja kelele: "Nunueni mapema! Bwana yangu wa moto akirudi, nitamukaangia zote, mutakosa!" Alianza tena kucheka. Mke wangu alifurahi kumwona anacheka.

Jumapili moja sambaza walikuwa wengi, Umuhire akabaki mpakani na beseni lake. Siku hiyo aliingia kibandani Mwalimu Niyomugabo, aliyekuwa amerudi kutoka Bujumbura. Filimu ilipofika kwa mpelelezi, mwalimu akainua mkono kama mwanafunzi.

"Maman, ngoja kidogo. Huyu mama amesema nini?"

"Amesema bwana yake ni wa moto."

"Hapana. Amesema bwana yake ni marehemu. *Feu* ikiwa mbele ya muntu, ni kusema amekufa."

"*Feu* ni moto, Mwalimu."

"Ziko mbili, Maman. Hii si ya kupikia."

Vénuste akasimamisha kaseti. Mama wa filimu akabaki mdomo wazi.

"Basi ule mupolisi anatafuta nani saa zote?" mtu akauliza.

"Anatafuta mwenye aliua bwana!"

"Yesu! Jumapili zote tunangojea maiti nyuma ya mulango!"

"Na bibi yangu ananiita wa moto kila asubuhi," fundi baiskeli akasema. "Kumbe alishanizika!"

Kibanda kikalipuka kwa kicheko. Mwalimu mwenyewe hakucheka sana, aliona amefanya nini. Mke wangu alicheka nao, kidogo. Kisha nikaona mkono wake unapanda mdomoni. Akanigeukia.

"Umuhire," akasema.

Hatukungoja mwisho. Tukashuka kwenda mpakani, yeye mbele, anatembea kama mtu anayekimbiza mvua. Alitaka Umuhire asikie kwake, si kwa wacheshi. Tulipofika, Umuhire alituona mbali.

"Maman Sandrine! Leo mumemaliza mapema? Alirudi, bwana wetu wa moto?"

Nilimwona mke wangu anafungua mdomo. Akasema mvua haiko mbali. Akasema sambaza wa leo ni wanene. Akapewa fungu kwenye jani, tukapanda nao mlima. Nyumbani aliwakaanga vizuri, akaniwekea, hakula. Alikaa anaangalia makaa mpaka yakawa majivu.

"Kila siku," akasema. "Mbele ya bantu wote. Na mimi njo nilimupa ile neno."

Mimi ni mtu wa kubeba, si wa maneno. Nikamfunika kitenge.

Asubuhi tulishuka pamoja. Habari ilikuwa imetutangulia. Wapagazi waliniona, wakaanza: "Papa Moto! Papa Moto, umefufuka?" Nikaweka gunia mgongoni, nalo jina lile likapanda juu yake. Haya ya mke wangu ilinichoma kuliko kamba ya gunia.

Bizimana, mpagazi mwenye mdomo, alikuwa anaelekea kwa Umuhire, kama kila asubuhi, kuchukua sambaza wake wa kukaanga. Anacheka peke yake. Mtu akicheka peke yake hivyo, ana kitu cha kusema. Mke wangu alimwona. Akampita mbio na miguu yake ya mama mzima, akafika penye beseni. Hakusalimu. Akaketi chini, udongoni, miguu imenyooka, jinsi wanawake wetu wanavyoketi kwenye kilio.

Umuhire akaacha kupanga samaki.

"Maman Sandrine, unakaa chini? Nani amekufa?"

Bizimana akasimama. Kicheko kikamwishia usoni. Akageuka, akaenda zake bila samaki.

"Bwana ya ule mama," mke wangu akasema. "Wa filimu. Alikufa mbele filimu ianze."

"Lakini alikuwa nyuma ya mulango."

"Hakukuwa muntu nyuma ya mulango. Ile nilitunga. Koti tu njo ilikuwako."

"Sasa alikuwa analia nini?"

"Alikuwa analilia bwana yake."

Umuhire akatazama daraja. Watu walikuwa wanavuka na madumu, na masufuria, na kuku. Akasema, bado anatazama huko: "Na ile ya moto?"

"Si moto. Ni marehemu. Ile neno nilikupa ni marehemu."

Nilikuwa nimesimama hatua chache kutoka kwao, gunia bado mgongoni, nimesahau kulitua. Umuhire alivuta kitenge, akafunika uso. Mabega yake yalitikisika, na sikujua kama analia au ana hasira. Sauti ikatoka chini ya nguo.

"Mimi nilikataa kumulilia. Ndugu zake nilibafukuza mu nyumba sababu balimuita marehemu. Na sasa namuita marehemu, kila siku, nacheka, nauzia samaki juu yake. Soko yote inasikia."

"Makosa si yako. Ni yangu."

"Umekaa na Wazungu! Umekosea namna gani?"

Mke wangu hakuinua macho. Alikuwa ameshika sambaza mmoja aliyeanguka nje ya beseni, anamfuta udongo kwa kidole, polepole, kama anamwosha. Akamrudisha kati ya wenzake. Ndipo akamjibu:

"Mimi nilikuwa mupishi, Umuhire. Mu ile jikoni, *feu* ilikuwa ya kuivisha chakula. Hakuna muntu alikufaka mule, nijue ile ingine."