Ndoa ya Mwanga

Robi wa Genkuru alikuwa mponda mawe ya dhahabu, na maneno ya Kijerumani aliyapendea hilohilo: yanapasuka. Aliyajua tangu mgeni mmoja, mama wa Kijerumani, alipokuja kumpiga picha na kumwonyesha ukurasa wake mtandaoni. “Handschuh”: kiatu cha mkono, yaani glovu. “Schildkröte”: chura mwenye ngao, kumbe kobe tu! Robi alicheka hadi nyundo ikamtoka mkononi. Kuliandika neno zima kwenye simu litafsiriwe aliona ni uvivu. Alilivunja, akatafsiri kipande kimoja kimoja.

Robi alikuwa mke wa mwanamke. Mokami, mjane asiyejaliwa mtoto wa kiume, alimtolea ng'ombe kumi na wawili mbele ya ukoo mzima, kama Wakurya wanavyooa nyumba ntobu, na watoto watatu aliozaa Robi wakawa wa mji wa Mokami. Mokami alipougua, Robi ndiye aliyemwogesha hadi siku ya mwisho.

Kaburi halijakauka, mgodi ukatangaza kupanuka: kila mwenye nyumba pale angepewa nyumba mpya kwingine. Ndipo Heche, shemeji wa marehemu, alipokumbuka kwamba ana ndugu. Akadai nyumba ni yake, Robi alikuwa mtumishi tu. Na ukoo ule ule uliowaona ng'ombe ukawa bubu. Aibu yao!

Robi akaitwa barazani. Cheti hana. Akakumbuka ule ukurasa: yeye na Mokami wameketi mlangoni, na chini ya picha neno moja, “Scheinehe”. Akalipasua. Schein, mwanga. Ehe, ndoa. Ndoa ya mwanga! Alilia kwa furaha, akaenda kwa Kauthar mwenye steshenari akachapiwa kwa rangi.

“Shikamoo, wazee. Shahidi wangu huyu hapa, tena Mzungu,” akasema barazani, akiwanyooshea karatasi.

Katibu akaliandika neno zima kwenye simu yake. Akakitazama kioo, akamtazama Robi.

“Mama, hapa inasema ndoa ya uongo. Ya kiini macho.”

“Lipasue, mwanangu! Ni mwanga na ndoa.”

“Likipasuliwa, sawa. Likiwa zima ni uongo, mama.”

Yule mgeni alikula ugali wao wiki mbili, akalala kwenye kitanda cha Mokami, na hilo ndilo aliloliandika. Robi alinyoosha mkono kuichukua karatasi yake.

Heche, aliyekuja bila shahidi hata mmoja, akasimama upesi. Akaomba ibaki kwenye faili, upande wake. Wazee wakakubali.