Bembea ya Kambu na Rangi ya Viatu

"Geukeni ukutani," mzee wa kanisa alisema, na sisi watoto saba tukageuka.

Ukuta wenyewe ulikuwa wa mabati na ulikuwa umeshika moto wa jua la Kambu, ukiuweka uso karibu unahisi kama umesimama mbele ya jiko. Nilikuwa na gauni jeupe. Mama yangu alikuwa amelishona kwa ajili ya siku hiyo, kwa sababu siku hiyo ningeitwa mbele nipewe barua. Sasa nimeitwa mbele, lakini kanisa lote linanitazama makalio.

Mzee alipita na rula ya mbao. Hakutupiga, alikuwa anaonyesha tu. "Huyu amekalia. Huyu pia amekalia. Huyu amekalia mpaka mgongoni." Mtu fulani nyuma akacheka, mzee akamtazama mpaka akanyamaza. Alipofika kwangu alisimama kidogo, akaniambia nimgeukie. Akatoa bahasha kwenye koti.

"Mwenye kuchukua hii angekwenda shule ya wasichana kwa jina la kanisa letu," alisema. "Kanisa letu halina makalio meusi."

Akaichana mara mbili. Halafu vipande akavirudisha mfukoni mwake.

Jina lake silitaji. Watu wa Kambu wa zamani watamjua: mrefu, mwenye kofia ya kahawia, na kinu cha kusaga mahindi karibu na stendi. Mchungaji wetu alikuwa na makanisa mengi, alikuja mara moja kwa mwezi, kwa hivyo wiki nyingine zote kanisa lilikuwa la huyu mzee. Barua ilitoka kwa mchungaji. Mzee alipewa aniletee tu.

Mimi sikusoma mbali. Darasa la saba ndilo mwisho wangu, kwa hivyo maneno yangu yakipinda mtanisamehe. Yaliyotokea hayajapinda.

Baba yangu alikuwa mchongaji. Tulitoka upande wa Zombe tukahamia Kambu kwa sababu ya barabara ya Mombasa, maana watalii walikuwa wakipita hapo na wakisimama kunywa soda wananunua kinyago. Baba alichonga swara, twiga, ndovu, wote wa kutosha kiganjani. Mti aliotumia ulikuwa wa rangi ya chai ya maziwa, lakini mtalii alikuwa anataka mpingo. Basi baba akimaliza kusugua na msasa anachukua rangi ya viatu nyeusi, anapaka na kitambaa, anang'arisha, anaacha chini ya kibanda usiku mzima. Asubuhi ni mpingo.

"Si ni uongo, nau?" nilimuuliza siku moja, maana kwetu baba ni nau.

"Uongo ni kusema. Mimi nimesema nini? Nimepaka."

Jirani yetu alikuwa mwenye hoteli ya chai na mandazi. Yeye na mkewe walitoka Murang'a, na alikuwa fundi wa magari kabla ya kuwa mtu wa mandazi. Mabasi yalikuwa yanampita hapo mbio. Akakaa akafikiri, akaja kwa baba na wazo.

"Dereva hasimami kwa ajili ya mandazi," alisema. "Lakini watoto kumi wakilia ndani ya basi, atasimama. Nataka kitu cha kuwaliza."

Ndivyo ilivyoanza bembea ya kuzunguka, nyuma ya hoteli, ndani ya ua wa minyaa. Alichukua ekseli ya lori lililokufa, akaisimamisha ndani ya simiti. Juu akafunga vyuma vinane kama miale, kila chuma na ubao wake, na juu ya kila ubao alitaka mnyama. Upande mmoja akaweka bati la kuteleza, ambalo mchana lilichoma mapaja mpaka limwagiwe maji. Upande mwingine pipa lililokatwa katikati likaning'inizwa kwa minyororo, likawa mashua, na wengi wetu tulikuwa hatujaona mashua.

"Chonga farasi," alimwambia baba.

"Farasi nimemwona wapi?"

Akaletewa kalenda yenye picha. Baba alichonga wiki nzima. Alipomtoa nje mama yangu aliangalia mbele, akazunguka nyuma, akasema, "Huyu ni punda amekwenda harusini."

Tulicheka mpaka baba mwenyewe akaangusha tezo. Akasema basi, wacha achonge anaowajua. Akachonga kifaru, twiga mwenye shingo fupi kwa sababu gogo liliishia hapo, swara wawili, ndovu, nyati, na simba aliyetabasamu. Farasi wa harusi tulimwacha, watoto walimpenda. Wote akawapaka rangi ya viatu kama alivyozoea, wakakaa kibandani karibu mwezi mzima wakingoja simiti ikauke. Waling'aa weusi, ungesema wamepakwa mafuta.

Wa kuzungusha alikuwa punda, na punda huyo alinunuliwa kwa mama mmoja muuza maji. Maisha yake yote alikuwa amebeba mitungi kutoka mtoni, na alijua jambo moja: akisikia maji yanamwagwa, amefika. Sasa mke wa mwenye hoteli akimwaga maji ya vyombo, punda anasimama hapo hapo, na wote mnaopanda mnagonga pua kwenye shingo za wanyama. Ikawekwa sheria hakuna kumwaga maji bembea ikizunguka. Watoto walipoisikia sheria hiyo wakaanza kuja na maji kwenye vikopo.

Mabasi yalisimama kweli. Wiki ya kwanza nilimwona mama mzima mwenye kilemba ameshuka kwenye basi la Mombasa na kuku mkononi, akapanda ndovu na kuku wake, na kila akipita mbele ya mumewe anamwambia, "Baba watoto, kwaheri! Baba watoto, nimerudi!" Dereva alipiga honi, akachoka, akashuka akapanda nyati.

Wiki ya pili vumbi jekundu lilikuwa limewafunika wanyama wote. Jumamosi jioni baba akanipa kopo la rangi na kitambaa. "Kesho Jumapili wageni ni wengi. Amka mapema uwang'arishe."

Nikaamka. Nilipaka kwa moyo wangu wote, kwa sababu ni siku ya barua yangu na nilikuwa na furaha. Mgongoni ndipo nilipaka nene, maana ndipo palipokuwa pamechubuka. Sikufikiria jambo lingine. Baba pia hakufikiria. Kazi yetu ilikuwa vinyago, na hakuna mtalii anayekalia kinyago.

Nilikuwa nyuma ya pipa la maji nikisugua kopo niliposikia sauti ya mzee wa kanisa. Alikuja na Biblia kwapani na suruali yake nyeusi ya Jumapili.

"Nimekuja kukagua hii kitu," alimwambia mke wa mwenye hoteli. "Watu wanauliza kama ni dhambi."

"Kagua, mzee."

Akazunguka akitazama. Akagusa pembe ya kifaru. Akaangalia barabarani, akaangalia upande wa kanisa.

"Kukagua kwa macho hakutoshi," akasema, na akapanda kifaru.

"Nimwambie punda aende?"

"Aende polepole."

Punda akaenda. Mzee alikuwa ameshika kofia kwa mkono mmoja na Biblia kwa mwingine, magoti yamefika kidevuni. Mzunguko wa kwanza alikuwa amekaza uso. Wa pili akasema, "Mwongeze kidogo." Wa tatu akacheka. Haki ya Mungu, alicheka kama mtoto anayetekenywa, mpaka machozi. Niliziba mdomo nisicheke naye. Niseme ukweli, asubuhi hiyo nilimpenda yule mzee. Nilijiambia, kumbe ni mtu.

Akashuka, akajipangusa vumbi la magoti, akaenda zake. Nyeusi juu ya nyeusi haionekani.

Sisi tulitoka shule ya Jumapili, na kabla ya ibada kubwa kulikuwa na nafasi ndogo. Tukakimbia saba. Jua lilikuwa limeshapanda na rangi imelainika. Mimi nilichukua twiga. Nakumbuka minyaa ikipita, hoteli ikipita, barabara ikipita, mama yangu mbali amebeba vitambaa vya kanisa ananipungia, halafu minyaa tena. Nilikuwa na miaka kumi na minne na nilikuwa naenda shule ya bweni. Nilipiga kelele hata sijui nilisema nini. Mmoja wetu akamwaga kikopo, punda akasimama, tukagonga pua zote saba, tukacheka tukiwa tumeshika pua. Kama ningeambiwa nichague siku moja ya kurudia, ningechagua hiyo, mpaka hapo, kengele ilipogongwa.

Tulikaa kwenye mabenchi. Wimbo wa kwanza tukasimama, na mama mmoja nyuma yetu akasema kwa sauti, "Maskini! Hawa watoto wamekalia nini?" Mzee akainuka kwenye kiti chake pale mbele, akaja akanusa benchi. Akajua. Nafikiri alijua haraka kuliko mtu mwingine yeyote. Akauliza ni nani ameiacha nyumba ya Bwana akaenda kuzungushwa na punda siku ya Jumapili, halafu akasema tugeuke ukutani. Hayo mengine nimeshawaambia.

Ila jambo moja sijawaambia. Alipokuwa anachana barua nilikuwa nimemgeukia, na nyuma yake niliona kiti chake. Kilikuwa na kitambaa cheupe ambacho mama yangu alikuwa amekidarizi njiwa wawili. Katikati ya njiwa kulikuwa na alama mbili nyeusi za mviringo, zimekaa sawasawa, kubwa kuliko za mtoto yeyote.

Nikafungua mdomo. Yeye akageuka, akaona ninachoona, akaenda akakaa.

Kesho yake mama alikuwa akifua vitambaa vya kanisa, ilikuwa zamu yake ya kila wiki. Nikasikia ananiita, "Mwiitu wakwa, binti yangu, njoo uone!" Alikuwa amekaa chini kwenye majani, kitambaa mapajani, anacheka hana nguvu. Nikamweleza habari ya kifaru. Akacheka zaidi, akalala chali. Halafu akakumbuka barua, na kicheko kikamwisha, akainuka akakikunja kitambaa bila kukiosha.

Baba hakucheka hata kidogo. "Nikipeleka hii kanisani," alisema, "kesho atatangaza kwamba bembea ni ya shetani. Mwenye hoteli ataing'oa, na watu watasema ni rangi yangu. Wewe unasemaje? Barua ni yako."

Niliulizwa na mimi nikajibu. Nilisema tuiache bembea. Nilifikiri mchungaji akirudi ataandika barua nyingine. Mchungaji alirudi, akaambiwa mimi nimeasi, na shuleni nafasi yangu ilikuwa imeshachukuliwa na msichana mwingine. Mama alishona kitambaa kipya, cha zamani akakitia sandukuni.

Mimi nikawa mtu wa bembea. Nilimwongoza yule punda miaka mingi, na siwezi kudanganya kwamba niliichukia kazi ile. Baba alianza kupaka mafuta ya mbegu badala ya rangi. Niliwazungusha maharusi wawili waliotoka Kanyangi, bibi harusi juu ya farasi wa harusi, bwana juu ya simba. Niliwazungusha wazee waliokuwa hawajacheka tangu njaa. Mume wangu nilimpata hapo, alianguka kutoka kwa nyati akaniambia ni mimi nimemwangusha. Lakini basi la shule ya wasichana lilipita kila muhula, na muhula mmoja likasimama. Wakashuka na sketi zao za bluu wakapanda, na mimi nikatembea mbele ya punda nikiwazungusha, nikiwasikia wakiulizana mambo ya vitabu. Siku hiyo punda alipotaka kusimama, nilimwacha asimame.

Mwenye hoteli amefariki, na mkewe amerudi Murang'a. Mama na baba tumewazika. Minyaa imebaki. Kifaru yuko kwangu, wajukuu wamemkalia mpaka mgongo umeingia ndani.

Mzee yuko hai. Amezeeka lakini masikio anayo. Juzi kanisa lilimfanyia sherehe, wakamvika shuka, na mchungaji wa sasa, ambaye ni kijana, akasimama akasema huyu ndiye baba wa elimu ya wasichana Kambu. Watu wakapiga makofi. Aliitwa aseme neno, akasema hajawahi kumzuilia mtoto wa mtu mlango wa shule. Mimi nilikuwa benchi la nne.

Sasa mzee, nakuambia mbele ya watu wote wanaosoma. Kitambaa kiko. Njiwa wamegeuka manjano lakini zile alama mbili hazijafifia, mama hakuziosha na mimi sijaziosha. Kifaru yuko pia, unaweza kuja ukapima. Sitaki pole. Nataka usimame pale pale uliponisimamisha, kanisa limejaa, ugeuke ukutani, halafu uniambie: ulipokuwa ukichana ile barua, suruali yako ilikuwa na nini?