Mita Mbili Zilizokosa Mwenyewe

Mama Pindo alikuwa fundi cherehani, mwanamke wa maneno machache na mkasi mkali. Wateja walimpa jina hilo kwa sababu hakuna aliyekunja pindo la suruali kama yeye. Chumba chake cha kazi kilipakana ukuta kwa ukuta na nyumba ya fundi saa, mgane aliyeishi peke yake.

Ugomvi ulianza na mkwaruzo. Kila alasiri, cherehani ikinyamaza tu, alisikia kitu kikiburutwa upande wa pili, taratibu, kama mtu anayesogeza kiti. Siku moja akachukua utepe wake akapima chumba. Hati ya marehemu baba yake ilisema mita nne. Yeye akapata tatu. Basi akajua: jirani anamlia ukuta kidogo kidogo.

"Kaka, rudisha haki ya watu," alimwambia mlangoni.

Fundi saa akavua miwani. "Mimi? Dada, mimi ndiye niliyepungukiwa mita nzima! Na hicho kiti unachoburuta kila siku hakinipi raha ya kufanya kazi."

Mama Pindo alimwona mwongo asiye na haya. Akafungua shauri la madai.

Ikawa njoo kesho, njoo kesho. Leo faili limepotea, kesho limeonekana, keshokutwa hakimu ana mafua. Mwezi wa nane wa shauri, hakimu, mama mmoja asiyependa porojo, akaamuru mpimaji aende akapime.

Mpimaji alipima ndani kwa mdai, akapima ndani kwa mdaiwa, kisha nje kutoka pembe hadi pembe. Akarudia. Jasho likamtoka.

"Ndani, jumla mita sita. Nje, nane."

"Hizo mbili ziko wapi?" Mama Pindo aliuliza.

Mpimaji aligonga ukuta kwa kidole. Ukaitika kama mtungi mtupu.

Mahakama ikaamuru ukuta utobolewe mbele ya hakimu, karani wake na pande zote mbili. Saa nne asubuhi, jua likiwaka, mwashi alitoa matofali, wote wakachungulia. Palikuwa na chumba chembamba kisicho na mlango wala dirisha. Hapakuwa na utando wa buibui hata mmoja. Sakafu ilikuwa imefagiwa, michirizi ya ufagio bado mipya. Katikati, kiti kimoja cha mbao.

"Kinatazama kwako, mama," karani alimwambia Mama Pindo, akajuta papo hapo.

Mwashi aliingiza mkono akakigusa, akautoa kama aliyeungua. "Kina joto," alinong'ona. "Joto la mtu aliyeinuka sasa hivi."

Wiki iliyofuata, hakimu aliuliza: "Mdai, bado unazidai mita zako?"

"Mheshimiwa, nilikosea. Ni za kaka huyu."

"Abadani!" Fundi saa akaruka. "Mali ni ya dada!"

Mabenchi ya nyuma yakaangua kicheko. Hakimu, aliyekuwa amechungulia mwenyewe, hakucheka. Aliandika mapatano haraka: ukuta uzibwe, eneo lile asilidai yeyote. Wakatia saini.

Tangu hapo Mama Pindo hushonea barazani, na ikifika alasiri fundi saa huleta meza yake ndogo akaketi karibu. Wambea wa mtaa wanasema wazee wanachumbiana. Mama Pindo hajawahi kukanusha. Afadhali asengenywe kwa mapenzi kuliko kuanza kueleza.