Korongo wa Sakafu ya Mpunga

Nikuulize bila kuzunguka: klabu ni ya nani? Ya aliyelipia jezi? Ya mwenye kiwanja? Ya mheshimiwa anayekuja kukata utepe na kupigwa picha akiwa amekumbatia mpira asioweza kuudunda? Mimi jibu langu ninalo, na sitalitoa kwa hotuba. Nitalitoa kwa kukusimulia habari za Shamsa Kheri, muuza mitumba wa sokoni Kyela.

Baba yake alipanda kutoka Lindi na marobota ya vitambaa, akafungua duka mjini, akaoa Bujonde kwa Wanyakyusa, na mpaka anazikwa alikuwa bado akilalamika kwamba samaki wa ziwani hawana chumvi. Kwake Shamsa alirithi ulimi. Urefu alirithi kwa mama. Alipokwenda kusoma sekondari Mbeya, walimu walimtazama mara moja tu wakampeleka kwenye mpira wa kikapu, na huko akapata mapenzi ambayo ndoa, watoto na biashara havikuweza kuyapunguza.

Aliporudi nyumbani akakuta hakuna mahali pa kuchezea. Kyela ni tambarare, lakini ni tambarare ya tope. Ukidundisha mpira kwenye udongo wetu unazama pale pale kama jiwe. Mpira wa kikapu unataka sakafu ngumu, na Bujonde kwa akina mama yake kulikuwa na sakafu ngumu moja tu: ile ya saruji iliyo karibu na mashine ya kukoboa, ambayo kikundi cha akina mama wakulima hutumia kuanikia mpunga. Asubuhi mpunga unamwagwa na kusambazwa kwa reki, alasiri unaanuliwa, na jioni sakafu inabaki wazi, bado ina joto la jua.

Mwenyekiti wa kikundi alikuwa Keziya, dada mkubwa wa mama yake Shamsa. Shamsa akamfuata na kilo ya sukari.

"Ugonile, mama mkubwa," alimsalimia kwa Kinyakyusa.

"Sukari ya nini? Nani kafa?"

"Hakuna aliyekufa. Naomba sakafu, jioni tu. Nataka kusimamisha nguzo mbili za magoli, vijana wacheze."

"Wacheze kwenye mpunga?"

"Mpunga ukishaanuliwa."

"Na mchanga wa miguu yao? Mchele wa Kyela unaliwa nchi nzima, Shamsa. Siku mtu akivunjika jino kwa jiwe, atanitukana mimi au wewe?"

Nguzo zikasimama kwa masharti, na masharti hayo yakageuka kuwa desturi yetu mpaka leo. Hakuna kiatu kilichokanyaga udongo kinachogusa sakafu. Viatu vya kuchezea vinalala kwenye gunia palepale pembeni, na visipokuwa kwenye sakafu vimo guniani. Kabla ya mazoezi tunafagia, baada ya mazoezi tunafagia tena. Na kama mvua ikitokea mpunga ungali nje, mchezaji yeyote aliye karibu anaacha alichoshika na kwenda kuanua. Mimi nilijiunga nikiwa nimemaliza chuo, nina shahada na sina kazi, na kitu cha kwanza nilichokabidhiwa kwenye timu kilikuwa ufagio.

Jina tulilipata kwenye belo la mitumba. Siku moja Shamsa alifungua belo la nguo za michezo akakuta jezi za kikapu zimejaa, kijani na nyeupe, zote zina ndege yuleyule kifuani: korongo mwenye miguu mirefu, amesimama kwa mguu mmoja kama wale wa kwenye majaruba yetu ya mpunga. Lakini chini ya ndege kila jezi ilikuwa na neno lake. Nyingine ilitaja kampuni ya rangi, nyingine bima, nyingine maziwa. Hakuuza hata moja. Akazibeba zote mpaka Bujonde. Sisi tukadhani ni timu mbalimbali zinazopenda ndege mmoja, kwa hiyo mazoezini tukawa tunajigawa hivyo: Rangi dhidi ya Maziwa. Uadui ukawa wa kweli. Anyosisye, mlinzi wetu mfupi mwenye mdomo mrefu, aliapa hawezi kuvaa jezi ya Bima hata akipewa shamba.

Keziya alipoziona alishika kiuno. "Tangu utoto wangu nafukuza ndege kwenye mpunga. Leo mwanangu ananiletea ndege wenye jezi!"

"Korongo hali mpunga, mama mkubwa. Anakula vyura."

"Basi kaleni vyura, sakafu yangu mniachie."

Nikatafuta kwenye simu. Kumbe ni klabu moja ya kulipwa ya Uholanzi, kutoka mji mdogo wa mifereji, jina lake Reigers, yaani korongo kwa Kiholanzi. Nilimsomea Shamsa historia yake kibandani kwake sokoni, yeye akikunja mashati. Walianza vibarua wa bandarini na walimu wachache, kwenye ghala la vitunguu. Kabla ya kucheza walifagia maganda. Wakapanda daraja, wakawa klabu ya kulipwa, na kila alipokuja mdhamini mpya klabu ilibadilishwa jina. Kwa jina la rangi wakachukua ubingwa. Kwa jina la bima wakacheza na vigogo wa Ulaya. Kwa jina la maziwa wakafilisika. Mdhamini akaondoka, ukumbi ukafungwa, magazeti yakaandika kwamba korongo amekufa.

"Halafu?" Shamsa aliacha kukunja.

"Halafu mashabiki wakaunda chama chao. Waliokuwa wakipanga viti, waliokuwa wakiuza kahawa mlangoni. Wakaanza upya daraja la chini, ndege yuleyule, rangi zilezile. Baada ya miaka wakarudi juu wakachukua kombe."

Shamsa akacheka mpaka akakalia mashati. "Kumbe ni mwanamke mmoja aliyeolewa mara nyingi! Waume wanapita, sura ileile! Na sisi tunapigana, Rangi na Maziwa!"

Tangu siku hiyo tukaitwa Korongo wa Bujonde, na Anyosisye akavaa Bima.

Ndipo akaja mnunuzi wa kakao. Simtaji, maana wako wengi wa aina yake. Alitaka kukodi sakafu yote msimu mzima, na malori yake yapite katikati. Kwa hiyo nguzo zing'olewe. Aliwaambia akina mama maneno matamu kuhusu maendeleo, na damu yangu ikachemka, kwa sababu maendeleo ya watu wa namna hii huanza kila mara kwa kung'oa kitu ambacho vijana wamejijengea wenyewe. Nilitaka kusimama mkutanoni niseme. Shamsa akanivuta shati.

"Kaa chini, Moses. Ukianza kuhutubia watatupigia kura ya hapana kwa hasira tu."

Kikundi kikaamua kwamba kura itapigwa Jumapili, baada ya ibada. Shamsa aliomba kitu kimoja: Jumamosi tucheze na timu ya chuo kutoka Mbeya, na kila mwanamke wa kikundi aje atazame kabla hajaamua.

"Mkifungwa?" Keziya aliuliza.

"Hatufungwi."

"Mswahili wewe, mdomo kama baba yako."

Jumamosi hiyo mpunga ulikuwa mwingi mno, mavuno yamekolea. Akina mama walituachia sakafu, wakauhamishia kwenye maturubai kando ya barabara. Watu walikuja kutoka Ndandalo na Mwaya, baiskeli zikajaa mpaka mlangoni mwa mashine. Wageni walishuka wakiwa na viatu vinavyong'aa, wakakutana na Keziya mwenyewe na beseni la maji.

"Osha soli."

"Mama, sisi tumekuja kucheza," alisema nahodha wao, Tumaini, jitu la kijana.

"Na mimi nimekuja kulinda mchele. Osha soli, mwanangu, au cheza peku."

Wakaosha. Uwanja mzima ukapiga vigelegele, na nadhani tulipata faida kidogo hapo.

Lakini walikuwa wazuri. Walitukimbiza, wakatuzuia, Tumaini akarukia kila mpira kama anachuma maembe. Sisi tukajibu kwa kasi na kwa kelele za Anyosisye. Robo ya mwisho ikafika ukingoni tukiwa nyuma kwa pointi moja, mpira wetu, zimebaki sekunde chache. Nilimtazama Shamsa pembeni. Hakuwa akitazama goli. Alikuwa akitazama Milima ya Livingstone, ambako wingu jeusi lilikuwa limeshashuka na kufunika ziwa.

Akaomba mapumziko. Tukamzunguka, tukisubiri mpango wa shuti la mwisho.

"Mpunga," alisema.

"Dada Shamsa, pointi moja!" Anyosisye karibu alie.

"Mpunga kwanza. Wote."

Mwamuzi, aliyekuja na wageni, akamfuata. "Kocha, timu ikiondoka uwanjani imeshindwa. Ndiyo kanuni."

"Basi andika tumeshindwa," Shamsa alimjibu, akiwa tayari anakimbia.

Nakuapia, sijawahi kumwona mtu akitupa kitu anachokitaka vile. Alijua kura ni kesho. Alijua waliokuja kuona ushindi watarudi nyumbani wakisema Korongo walikimbia mechi. Tukamfuata. Tulishika pembe za maturubai tukakunja, tukabeba, tukakimbilia banda la mashine, akina mama wakichota kwa ndoo na kwa kanga zao. Wingu lilikuwa linakuja kasi kuliko sisi. Nikageuka kuchukua turubai lingine nikakuta pembe ya pili imeshikwa na Tumaini.

"Mnasubiri nini?" aliwapigia kelele wenzake. "Mama zenu hawana mpunga?"

Timu nzima ya Mbeya ikaingia kazini na viatu vyao vilivyooshwa. Turubai la mwisho lilipita mlango wa banda pamoja na matone ya kwanza, na mvua ikateremka kwa hasira juu ya saruji tupu. Tulisimama mle ndani, timu mbili na akina mama, tumelowa jasho, tumejaa makapi ya mpunga nyweleni. Keziya alikuwa ameketi juu ya magunia yake, anahema, akipangusa makapi usoni.

Mvua ya namna ile haikai. Ilipokatika, Tumaini alimwambia mwamuzi, "Sisi hatukubali ushindi wa mvua. Mpira wao, sekunde zilezile."

"Sakafu imelowa."

"Fagio ziko wapi?"

Tukaosha soli upya, tukafagia maji, wenyeji na wageni, fagio bega kwa bega, watu wakiimba. Sakafu ile imejengwa na mteremko mdogo ili maji ya mvua yasilale kwenye mpunga. Dakika chache ikawa inachezeka. Mwamuzi akapuliza filimbi. Mpira ukaenda kwa Anyosisye. Tumaini akamjia na mikono kama milango, na yule mfupi, badala ya kupita, akasimama, akanyanyua mguu mmoja, akaurusha mpira juu kabisa, juu ya vidole vya jitu lile. Ukagonga ubao, ukazunguka ringi kana kwamba unafikiria, ukaanguka ndani.

Siwezi kukueleza kelele zile. Baiskeli zilianguka mfululizo kando ya barabara na hakuna aliyejali. Tumaini ndiye aliyembeba Anyosisye mabegani. Shamsa alikaa chini kwenye saruji iliyolowa, kanga yake yote maji, akalia na kucheka kwa wakati mmoja, na sisi tukamrundikia jezi zote, Rangi, Bima na Maziwa.

Asubuhi yake niliwahi sakafuni. Mnunuzi wa kakao alikuwa ameshafika na gari lake. Akina mama walitoka kanisani moja kwa moja, nguo za Jumapili, vitabu vya nyimbo mkononi. Kura yetu haina karatasi: wanaotaka malori wasimame mlangoni mwa mashine, wanaotaka nguzo wasimame chini ya goli. Wakaanza kugawanyika, wengine huku, wengine kule, wengi wakisita na kumtazama mwenyekiti. Keziya alikuwa ukingoni mwa sakafu, amekalia kigoda chake, anachokoa meno. Shamsa alisimama nje kabisa ya sakafu, kwa sababu alikuwa na viatu vya njiani.

Mnunuzi akakohoa. "Mama mwenyekiti, tunakusubiri wewe."

"Jana mvua iliponyesha," Keziya alimwuliza, "lori lako lilikuwa wapi?"

Hakusubiri jibu. Alivua viatu vyake vya kanisani, akaviweka pembeni, akainua kigoda, akatembea peku mpaka chini ya goli, akakaa. Akina mama waliokuwa mlangoni mwa mashine wakavua viatu, wakainua sketi zao na kumfuata, karibu wote, wakisukumana na kucheka.

"Shamsa!" Keziya aliita kutoka pale chini ya ringi. "Vua hivyo viatu uje. Na uniletee jezi yenye ndege. Neno lolote."